Kadi ya Siku ya Pili

Nyantakara, Biharamulo
3 Juni 2025

Kwa Mama Domisiana, mjane wa marehemu Ndikuriyo, Kirushya, Ngara.

Salaam. Mimi ni Ndassa, baba yake Kezia, yule muuguzi ambaye mwanao Kwizera anataka kumwoa. Hatujaonana. Nakuandikia kwa kalamu kwa sababu simu ina tabia mbaya. Mtu husema neno leo, kesho ukimbana anasema mtandao ulikuwa unakatakata. Karatasi haina mtandao.

La kwanza ni dumu. Mshenga wako Juvenali alifika hapa Jumamosi, akakohoa vizuri, akasema kijana wenu anatafuta jiko, kisha akaweka sebuleni dumu la lita ishirini. Nikadhani ni asali. Nilipofungua, harufu ikanipiga usoni: pombe ya ndizi. Mama, mimi ni mzee wa kanisa, huu ni mwaka wa kumi na saba, na mchungaji wetu anakaa nyumba ya tatu kutoka hapa. Nimejiuliza siku zote hizi, huyu mama ananijaribu aone kama nakunywa kwa siri, au ananitukana? Nimelirudisha kwa mkono wa Speciose, huyu anayeleta maharage ya kwenu gulioni na ndiye mbeba barua hii. Nililitia alama kwa kalamu pale pombe ilipofikia. Kama imepungua, muulize Speciose, usiniulize mimi.

La pili ndilo kubwa. Nilimuuliza mshenga kijana anafanya kazi gani. Akasema ni mchezaji wa gofu wa kulipwa, huko Arusha. Nikauliza gofu ndiyo nini. Akasema ni kupiga kipira kwa fimbo mpaka kiingie shimoni. Nikauliza, na shimo likishajaa? Akaomba maji. Mimi nimezaliwa Shinyanga, nimechunga tangu nina miaka sita, nimeswaga ng'ombe hadi huku kwa miguu. Nimepiga vitu vingi kwa fimbo maishani na hakuna aliyenilipa. Mtu mzima wa miaka thelathini na mmoja analipwaje kwa hilo? Nataka kujua ni nani anayemlipa, na anapomlipa anamwambia ni ya nini.

Kezia ndiye mtoto pekee aliyebaki nyumbani. Mama yake alifariki yeye akiwa kidato cha pili. Sitamtoa kwa kazi nisiyoielewa. Kuuliza si ujinga.

Ndassa

Bahasha nimeifunga kwa uzi mwekundu. Ukikuta mweupe, ujue imefunguliwa njiani.


Kirushya, Ngara
11 Juni 2025

Baba Kezia,

Shikamoo. Uzi nimeukuta mwekundu. Speciose amenuna, anasema amewahi kubeba barua za paroko na hazikufungwa kamba kama mbuzi.

Dumu limefika na alama yako iko pale pale. Ila nikuambie ukweli, lilipoteremshwa kwenye pikipiki nililia. Kwetu Wahangaza neno la uchumba haliendi mikono mitupu, na pombe ikirudi imejaa maana yake mtu amekataliwa, tena amekataliwa bila kuonjwa. Majirani waliona. Nilikuwa nimemwambia Juvenali aulize kwanza ninyi ni watu wa kanisa gani. Akanijibu kwamba hajawahi kuona Msukuma anayekataa pombe. Kumbe alikuwa anataka abaki anainywa na wewe. Naomba radhi. Lakini na mimi nimewaza: mtu asiyekunywa si angesema tu aletewe soda? Au ulikuwa unatafuta mlango wa kukataa?

Kazi ya mwanangu ni hii. Alimaliza darasa la saba hapa, akaenda kuchuma kahawa kwenye shamba moja kubwa nje ya Arusha. Ndani ya shamba kuna kiwanja cha gofu. Akaanza kuwabebea wachezaji mifuko, jioni akawa anapiga mipira waliyoitupa, mwisho akawashinda aliokuwa anawabebea. Siku za kazi anafundisha watu, siku za mashindano anashindana. Wanaomlipa ni wenye kampuni wanaotaka majina yao yaonekane kwenye kofia yake. Shimo halijai. Mpira ukiingia unatolewa, mnakwenda shimo la pili, mpaka yatimie kumi na nane. Mimi mwenyewe nilipoelezwa mara ya kwanza nilimpigia paroko simu kumuuliza kama ni dini.

Sasa la kwangu. Muuguzi wa serikali, sura nzuri, nimeiona picha, miaka ishirini na minane, na hajaolewa. Huku kwetu shamba zuri likikaa miaka bila kulimwa, watu huuliza lina nini.

Domisiana


Nyantakara
20 Juni 2025

Mama Kwizera,

Salaam. Nimeanza kuifuatilia kazi ya mwanao. Mwalimu Ndizeye wa shule ya msingi ananiachia magazeti akishayasoma, na jioni nasikiliza habari za michezo redioni mpaka mwisho kabisa, pale ambapo wenzangu huzima ili kubana betri. Gofu huwa ya mwisho, na hilo nalo nimelitilia maanani.

Nimejifunza mengi. Wachezaji wakubwa wa dunia wana fimbo kumi na nne kila mmoja, na siyo wao wanaozibeba, kuna mtu nyuma anainama na mfuko. Mimi nimeswaga ng'ombe kutoka Shinyanga kwa fimbo moja, ilipovunjika Runzewe nikakata nyingine. Huko Marekani kuna mashindano ambayo mshindi anavishwa koti la kijani, na anayemvisha ni yule aliyeshinda mwaka uliopita. Nimeona picha. Mikono ya koti ilikuwa mirefu. Kwenye simu ya mwalimu nimeona bingwa akikosa shimo lililokuwa hatua mbili tu, na mtangazaji akanong'ona. Wanaonong'ona ni wengi, wanatangaza mchezo kama wako msibani. Mtu anayenong'ona mchana kweupe ana jambo. La maana nililoliona ni moja tu, kwamba radi ikipiga wote wanakimbilia ndani. Hapo walitumia akili. Huwezi kuinua chuma juu wakati mbingu zimekasirika.

Sasa tuje kwa kijana. Katika gazeti la mwezi wa tano nimemkuta. Limeandikwa kwamba Kwizera Ndikuriyo alipata 288, na mwingine kutoka Moshi alipata 301, na bado wakamtaja Kwizera kwanza kama mshindi. Nimesoma mara nne. Mwanao alipata kidogo na akapewa kombe. Mama, hapo kuna mtu alihongwa, na wewe unajua.

Kuhusu Kezia kutoolewa, hayo ni mambo ya familia.

Ndassa


Kirushya
1 Julai 2025

Baba Kezia,

Shikamoo. Nimecheka mpaka wifi yangu Ernesta akatoka jikoni na mwiko. Katika gofu wanahesabu mikwaju, yaani mara ulizopiga. Aliyepiga mara chache ndiye bora. Mchukulie mtu anayepasua kuni: gogo lile lile, mmoja kalipasua kwa shoka tatu na mwingine kwa tisa. Utamwoza binti yako kwa yupi?

Nimecheka, lakini sikucheka jana yake. Alikuja hapa mwanamume mrefu mwenye koti la mvua, akasema anatafuta ndizi za kununua. Nikamwonyesha mkungu wa ndizi za pombe, akausifu akasema utapikika vizuri na nyama. Nikajua si mnunuzi. Akakaa. Akauliza marehemu mume wangu alikufa kwa ugonjwa gani. Akauliza kama Kwizera huwa anapigana. Mwisho akauliza kama bibi yake Kwizera aliwahi kufuga fisi. Baba Kezia, kwetu hatufugi fisi, hao ni wa huko mlikotoka. Nilimpa ndizi mbivu akala sita, na nauli akaiomba kwangu. Ukimtuma mpelelezi mwingine, mpe nauli.

Na wewe hukunijibu. Speciose amesikia hapo gulioni kwamba wachumba wawili walishakuja kwa Kezia wakaondoka. Waliona nini?

Mashindano makubwa yanakuja, tarehe 18 hadi 20 mwezi huu, siku tatu, wanayaita Kombe la Mlimani. Nakuambia wazi kwa kuwa tunapimana wazi: ng'ombe wa mahari watatoka humo. Kwizera akishika nafasi ya kwanza mnapata wote mliowataja kwa Juvenali, tena kabla ya masika. Asiposhika, sijui. Sina ng'ombe, nina migomba. Kila jioni jumuiya yetu inamwombea, ingawa Mama Selestina aliuliza kama ni halali kuombea kipira.

Domisiana


Nyantakara
10 Julai 2025

Mama Kwizera,

Salaam. Huyo mtu wa koti simfahamu. Lakini kama ni kweli alikula ndizi sita, pole.

Leo sina ugomvi, nina furaha, na si kawaida yangu. Mwalimu Ndizeye amenieleza jambo ambalo limenifanya niuheshimu mchezo huu. Anasema kwenye gofu mchezaji haandiki mikwaju yake mwenyewe. Inaandikwa na mpinzani wake, yule anayetembea naye. Wakimaliza wanabadilishana kadi, kila mmoja anaikagua ya kwake, anaweka saini, ndipo inapelekwa kwa wakubwa. Hakuna refa anayekimbia nao. Nimefurahi hadi nikamwambia arudie. Aliyeutunga mchezo huu hakumwamini jirani yake, nami nampa mkono. Ndivyo tunavyohesabu ng'ombe wa mahari: anahesabu mpokeaji, mtoaji anatazama midomo yake.

Kwa hiyo nimewasamehe mambo mengi. Nimewasamehe hata wale wakubwa wa Ulaya na Marekani waliohamia ligi nyingine kufuata fedha, wenzao wakaacha kuwasalimia, na sasa kila wiki gazeti linasema wako karibu kupatana. Nimezisoma habari hizo mwaka huu mara tisa na hawajapatana. Yupo na mmoja aliyevunja fimbo kwa goti kwa hasira, halafu ikambidi amalizie na iliyobaki. Kezia alipita nikimsomea mwalimu hiyo akacheka. Hajacheka hapa nyumbani siku nyingi.

Nitasikiliza redio tarehe 18, 19 na 20. Wakimtaja nitawaita majirani. Wasipomtaja nitakuwa peke yangu, haina shida.

Wachumba wale wawili walikuwa na kasoro. Mmoja alijibu maswali haraka mno. Mwingine alichelewa kujibu.

Ndassa


Kirushya
26 Julai 2025

Baba Kezia,

Shikamoo. Hujambo na nyumba yako? Mimi sijambo. Mvua hakuna, maharage tumeanza kupura.

Habari ya Kwizera si nzuri sana. Siku ya kwanza alicheza vizuri, ya pili vizuri zaidi, alikuwa anaongoza. Usiku malaria ikampanda, asubuhi hakuweza kusimama, wakamshauri apumzike. Kwa hiyo siku ya tatu hakucheza, na kombe limekwenda kwa mwingine. Ni mapenzi ya Mungu. Sasa amepona.

Naomba tusogeze habari za mahari hadi mwakani. Msalimie Kezia.

Domisiana


Nyantakara
2 Agosti 2025

Mama Domisiana,

Gazeti lilifika kwangu siku nne kabla ya barua yako. Nililikunja nikaliweka chini ya Biblia, nikasema ngoja nione huyu mama ataniandikia nini. Sasa nimeona. Njia ya mwongo ni fupi, na hii yako haikufika hata Nyakanazi.

Nakunakilia kama ilivyoandikwa, neno kwa neno: "Kinara wa siku ya pili wa Kombe la Mlimani, Kwizera Ndikuriyo, ameondolewa mashindanoni baada ya kubainika kuwa kadi aliyoisaini ilikuwa na mikwaju pungufu kwa mmoja. Katika shimo la kumi na nne alipiga mitano, kadi ikaonyesha minne."

Malaria haimo.

Tarehe 19 redio ilimtaja. Nilitoka nje nikawaita majirani, kama nilivyokuahidi. Walikuja tisa. Nikawaambia, sikieni, huyu anayeongoza ni mkwe wangu. Nililitamka neno hilo kwa mdomo wangu kabla hata hujaniletea soda. Kesho yake jioni wakarudi kuuliza, na redio haikumtaja hata mara moja.

Kumbe mchezo una dawa ya wezi na mwanao aliipata. Alielewana na mwenzake, wewe niandikie nne, mimi nitakuandikia ya kwako. Wakakamatwa. Hilo ningeweza kulimeza, kijana anaweza kuteleza. Lakini mama mtu mzima, wa jumuiya, anashika kalamu na kuandika malaria? Kama mnadanganya kwenye uchumba, ndani ya ndoa mtafanya nini?

Nimewaambia wazee wenzangu kwamba shauri hili limekwisha. Kezia sijamwambia, nitamwambia. Usimtume tena Juvenali.

Ndassa


Kirushya
9 Agosti 2025

Baba Kezia,

Shikamoo. Nimeisoma barua yako nimesimama, nikaisoma tena nimekaa.

Mimi ni mwongo. Malaria niliitunga mimi, Kwizera hakujua, na aliposikia aliniambia neno moja tu: "Mama." Akakata simu. Hajanipigia kwa siku tano, na yeye hunipigia kila siku.

Nilidanganya kwa sababu ya maswali yako. Nilijiuliza, huyu mzee aliyefunga bahasha kwa uzi, huyu aliyeuliza habari za fisi, nikimwambia mwanangu ameondolewa atanisikiliza mpaka mwisho? Nikaona ugonjwa haumwaibishi mtu. Mficha maradhi kifo humuumbua, na mimi nilifanya kinyume, nikaonyesha maradhi yasiyokuwepo, nayo yameniumbua vile vile.

Lakini kuhusu mwanangu umekosea, na hapa sitanyenyekea. Hakuna aliyemkamata. Mpinzani wake alikosea kuandika, hakukusudia. Kwizera alikuwa amechoka, akaweka saini bila kukagua vizuri, kadi ikapokelewa, watu wakampigia makofi. Jioni, wakati wenzake wanakula, akawa anayapitia mashimo kichwani, moja moja, kama anavyofanya siku zote. Alipofika la kumi na nne akakumbuka mitano. Mpinzani hakujua. Wakubwa hawakujua. Hakuna mtu duniani aliyejua. Akatoka akaenda kwenye meza ya wakubwa, akasema kadi yangu ina kosa. Sheria ni kali: ukisaini pungufu unaondolewa, hata kama kosa si lako. Alikuwa mbele kwa mikwaju mitatu, na angeendelea kuongoza hata kwa ule mmoja kurudishwa. Wakamwondoa.

Aliponipigia kuniambia, unajua nilimwambia nini? Nilimwambia, mwanangu, nani aliyekutuma? Mungu mwenyewe alikuwa amekupitishia. Mimi niliyemfundisha amri kumi kwenye mkeka huu ninaoukalia ndiye niliyesema hivyo. Niliwalilia ng'ombe, Baba Kezia. Sikumlilia yeye hata kidogo. Naona aibu ambayo siwezi kuiungama kwa paroko, imebidi niianzie kwako.

Hutaniamini, najua. Ningekuwa wewe nisingeniamini. Basi usiniulize mimi, muulize Kezia.

Domisiana


Nyantakara
17 Agosti 2025

Dada Domisiana,

Salaam. Barua yako ilikaa mfukoni siku mbili. Niliifanya kazi yangu ya kawaida, nikatafuta mahali ilipochanika. Nikarudi kwenye gazeti. Limeandika "baada ya kubainika". Mimi ambaye huuliza mpaka bei ya chumvi niliyokwisha kuinunua, sikuuliza swali moja lililokuwa mbele ya pua yangu: nani aliyebaini?

Nikamngoja Kezia arudi kutoka zahanati. Nilikuwa nimejiandaa kumpa habari mbaya taratibu. Nikasema, mwanangu, kuna jambo kuhusu Kwizera na kadi. Akavua viatu vyake vya kazi, akakaa, akasema, "Baba, najua. Nilijua jioni ile ile."

Dada, alinieleza na mimi nikasahau kuuliza. Kwizera alipokumbuka lile shimo, kabla hajaenda popote, alimpigia Kezia. Akamwambia, nikinyamaza kesho nachukua kombe na baba yako anapata ng'ombe wake wote, nikisema hatupati kitu. Nifanye nini? Na Kezia akamwambia, nenda kaseme.

Binti yangu ndiye aliyewatupa ng'ombe wangu. Amewatupa akiwa kwenye zamu, ameshika simu kwa bega, anamfunga mtoto bandeji. Na tangu tarehe 19 mwezi wa saba amekuwa akinipikia, ananitengea chakula, anasikiliza nikiwatukana watu wa Kirushya, na hakusema neno. Nikamuuliza kwa nini alimwambia vile. Akanyanyuka akaenda kuosha vyombo.

Mtoto umleavyo ndivyo akuavyo. Nimelisema hilo kanisani mara nyingi nikiwanyooshea wengine kidole.

Sasa nikuungamie la kwangu, maana umeniaibisha kwa kutangulia. Mtu wa koti ni mimi niliyemtuma, na nauli nilimpa, akaila. Na wachumba wale wawili hawakuwa na kasoro. Wa kwanza alikuwa mwalimu, mtulivu, leo ana watoto watatu na mke mwingine. Niliwauliza maswali mpaka wakachoka. Siogopi mwizi, dada. Naogopa hii nyumba jioni, mimi na redio. Nilipata sababu ya kumkataa mwanao na moyo wangu ukatulia, huo ndio ukweli, ulitulia kama mtu aliyetua mzigo. Hata sikujali ni kweli au uongo.

Nimewarudia wazee nikawaambia nilikosea. Njooni. Leteni mlicho nacho, kama ni mmoja awe mmoja, kama hakuna tutaandikiana deni. Pombe msilete.

Wabeja sana, ndiyo asante ya kwetu, kwa kuniandikia ile barua.

Mkwe wako, Ndassa


Kirushya
24 Agosti 2025

Mkwe wangu,

Shikamoo. Nilifurahi kwa muda wa kunywa chai kikombe kimoja. Halafu nikaanza kuwaza. Mzee huyu aliyenisumbua miezi mitatu amekubali kwa ukurasa mmoja, tena bila ng'ombe? Ernesta akasema, wifi, umeambukizwa. Huenda. Nikamwomba Kwizera, ambaye sasa ananipigia tena, anipe namba ya Kezia. Nikampigia mwenyewe. Nilimuuliza kile ulichomuuliza wewe akaenda kuosha vyombo.

Nikamsikia akifunga mlango. Kisha akasema hivi, nami nimeyaandika saa ile ile pembeni ya kalenda ya jimbo nisije nikayapamba:

"Mama, mimi nimekulia kwenye nyumba ambayo kila kitu huulizwa mara mbili. Nikichelewa naulizwa, nikiwahi naulizwa. Simlaumu baba. Mama alipougua alituambia kila siku kwamba anaendelea vizuri, baba akamwamini, akaenda mnadani. Aliporudi akakuta watu wamejaa uani. Tangu siku hiyo hajawahi kuamini jambo kwa kuambiwa. Lakini nimechoka, mama. Nilitaka mume ambaye nikimuuliza mara moja, inatosha. Jioni ile Kwizera aliponipigia, nilimwambia kaseme, halafu nikakaa naomba. Sikuomba kombe. Niliomba awe amekwenda kweli."

Hilo la mama yake hukuniambia, na sikulaumu. Yangenikuta mimi kwa mume wangu, nami nisingeamini tena la kuambiwa.

Kezia aliniomba nisikuambie. Nakuambia kwa sababu nimekudanganya mara moja na sitaki kurudia, hata kwa kunyamaza. Tunakuja Jumamosi tarehe 6 Septemba, watu watano, soda makreti mawili na mbuzi jike mwenye mimba. Juvenali haji. Kwizera atakuja na basi kutoka Arusha, atafika siku moja kabla, naomba alale kwako.

Najua ukimaliza kusoma hapa utataka kumwita Kezia umuulize kama kweli alisema hayo. Baba Kezia, usimuulize.

Domisiana